Siku Zinazobaki: Kalenda za Tolkien na Wakati Usiotulia

Jua na mwezi havipatani kwa hesabu. Mwaka wa jua una siku 365 na karibu robo ya siku; mwezi mwandamo una siku 29 na nusu na kidogo juu yake; juma lina siku saba. Mwenye kuzigawa siku za mwaka kwa miezi ya siku thelathini hubakiwa na siku tano. Mwenye kuzigawa kwa majuma hubakiwa na siku moja. Mwenye kufuata miandamo kumi na miwili hupungukiwa na siku kumi au kumi na moja kabla jua halijarejea pale lilipokuwa. Hakuna kaumu iliyowahi kuhesabu siku bila kukutana na baki hilo, wala hakuna iliyofaulu kulifuta. Kila kaumu imelazimika kuliweka mahali fulani: ndani ya mwezi, nje ya mwezi, katika sikukuu, au mikononi mwa vizazi vijavyo. Na mahali lilipowekwa huwaeleza watu wale kuliko hesabu yao yote iliyotimia.

Kwa maana hiyo kalenda ni mapatano ya watu kabla ya kuwa elimu ya nyota. Jambo hili huonekana wazi zaidi katika kalenda ambayo haikurithiwa, bali ilitungwa na mtu mmoja kwa ajili ya ulimwengu usiokuwapo, ulimwengu ambamo wakati wenyewe hauendi mwendo mmoja kila mahali. Mtunzi huyo ni J. R. R. Tolkien, aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, tarehe 3 Januari 1892, akapelekwa Uingereza mwaka 1895 angali mtoto mdogo, na akafariki tarehe 2 Septemba 1973 baada ya kufundisha lugha kwa miaka mingi katika Chuo Kikuu cha Oxford. Kitabu chake kikubwa, The Lord of the Rings, kilitoka kwa majuzuu matatu mwaka 1954 na 1955. Mwishoni mwa juzuu la tatu kuna viambatisho, na cha nne katika hivyo kinahusu kalenda peke yake. Wasomaji wengi hukiruka. Anayekisoma hukuta humo historia nzima ya mataifa, imesimuliwa kwa siku na miezi tu.

Haja ya kalenda ilimjia Tolkien kwa njia ya kawaida, njia ya mwandishi aliyebanwa na kisa chake. Wasafiri wa hadithi hiyo hutengana wakapita njia mbalimbali, na matendo ya kundi moja hutegemea siku na saa ya matendo ya kundi jingine. Mwezi ulio mbinguni ni mmoja, na wote wanapaswa kuuona vilevile. Mnamo Mei 1944, katika barua kwa mwanawe Christopher, ambaye wakati huo alikuwa Afrika Kusini katika jeshi la anga la Uingereza, Tolkien alieleza kwamba amegundua mwezi wake unafanya mambo yasiyowezekana: unachomoza sehemu moja ya nchi wakati uleule unapotua sehemu nyingine. Alasiri nzima ilimwishia katika kuzirekebisha sura za nyuma. Mwandishi mwingine angeliacha jambo hilo lipite, kwani wasomaji wa hadithi hawaendi na hesabu ya mwezi mkononi. Yeye hakuliacha. Kwake ulimwengu wa kubuni ulistahili kuaminiwa iwapo tu ungeweza kukaguliwa.

Kalenda aliyoieleza kwa urefu zaidi ni ya Shire, nchi ya Mahobiti, watu wafupi, wakulima, wapenda chakula na wachukia safari. Mwaka wao una miezi 12, na kila mwezi una siku 30. Siku tano zilizobaki haziingii katika mwezi wowote. Mbili huitwa siku za Yule, moja ya kufunga mwaka na moja ya kuufungua. Tatu huitwa siku za Lithe, nazo hukaa katikati ya mwaka, wakati wa kiangazi, siku ya katikati ikiwa ndiyo kitovu cha mwaka mzima. Kila mwaka wa nne, isipokuwa mwaka wa mwisho wa karne, huongezwa siku moja baada ya kitovu hicho. Siku hizo zote ni za karamu. Mahobiti hawakulificha baki la hesabu ndani ya miezi, wakaufanya mwezi huu kuwa na siku 31 na ule 28. Waliliweka wazi mbele ya watu, wakalitandikia meza.

Majina ya miezi hiyo hayakutungwa kutoka hewani. Mwaka 725 mtawa wa Uingereza aitwaye Bede aliandika kitabu juu ya hesabu ya nyakati, na humo akahifadhi majina ya miezi waliyoyatumia Waingereza kabla ya kupokea majina ya Kirumi. Mmoja katika miezi hiyo uliitwa kwa sababu ng'ombe walikamuliwa mara tatu kwa siku wakati huo wa malisho mengi. Tolkien, ambaye fani yake ilikuwa Kiingereza cha kale, aliyachukua majina hayo akayachakaza kidogo, kama vile yangechakaa yenyewe kama yangeendelea kutamkwa na wakulima kwa miaka elfu. Mwezi wa kukamua mara tatu ukawa Thrimidge. Kwa hiyo kalenda hii ya kubuni ni pia kaburi lililofunuliwa: majina yaliyokufa katika nchi ya mtunzi yamepata nchi nyingine ya kuishi.

Msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki haoni ugeni katika mwaka wa 360 na tano. Kando ya kalenda ya Hijria, inayoongoza ibada, mabaharia na wakulima wa pwani walikuwa na mwaka wa jua unaoanzia Nairuzi, neno la Kiajemi lenye maana ya siku mpya. Mwaka huo ulihesabiwa kwa miongo, yaani makumi ya siku. Miongo 36 hufanya siku 360, na tano hubaki. Kuwa na hesabu mbili kulitokana na kazi. Mwaka wa mwezi una siku 354 au 355, hivyo Ramadhani huzunguka misimu yote katika miaka ipatayo 33. Lakini kaskazi na kusi hazifuati mwezi, zinafuata jua. Nahodha aliyetaka kujua lini atweke tanga kuelekea Arabuni au Bara Hindi hakuweza kuuliza mwezi wa Hijria. Ahmad ibn Majid, rubani na mwandishi wa karne ya 15, alizipanga safari za Bahari ya Hindi kwa kutaja idadi ya siku tangu Nairuzi.

Na ile robo ya siku? Nairuzi ya pwani haina mwaka mrefu. Robo huachwa ijikusanye, na sikukuu husogea nyuma siku moja kila miaka minne, takriban siku 25 katika miaka mia. Huko Uajemi, wanajimu wa Sultan Malik Shah, Omar Khayyam akiwa mmoja wao, waliifunga Nairuzi mwaka 1079 ili iangukie wakati ambapo usiku na mchana hulingana mwanzoni mwa majira ya kuchipua. Hesabu ya mabaharia ilibaki na siku zake 365 zisizobadilika, kwa kuwa hesabu isiyo na mwaka mrefu ni nyepesi kubebwa kichwani, na kosa lake likijulikana si kosa tena. Kalenda ya Hijria nayo ilichagua njia yake: Uislamu uliikataza desturi ya kale ya Waarabu ya kuahirisha miezi mitukufu, na tangu hapo mwezi mwandamo haudaiwi kulipa deni la jua. Waliolifuata jua kwa robo yake, waliolifuata bila robo, na waliolikataa, wote walikuwa na hoja.

Lakini mahali ambapo Mswahili huisoma kalenda ya Shire vizuri kuliko Mwingereza ni katika juma. Juma la Mahobiti linaanza na Sterday na kuishia na Highday. Tolkien, alipowaandikia Waingereza, alizitafsiri siku hizo kuwa Jumamosi na Ijumaa za kwao, kisha akalazimika kuwatahadharisha: Ijumaa ya Shire ndiyo siku kuu ya juma, watu huacha kazi tangu adhuhuri na jioni hula karamu, na Jumamosi hubeba uzito ambao kwao hubebwa na Jumatatu. Msomaji wa London hulazimika kujikumbusha jambo hilo kila mara. Msomaji wa Unguja, Pemba au Lamu hahitaji kukumbushwa. Jumamosi ni mosi kwa jina lake, na juma lote hupanda ngazi kuielekea Ijumaa. Hakuna dalili kwamba Tolkien aliifikiria pwani hii alipoyaandika hayo. Mpangilio wake ulitokana na mantiki ya historia aliyoibuni. Hata hivyo juma lake, likisomwa kwa Kiswahili, halihitaji tafsiri.

Majina ya siku huhifadhi tabaka za historia. Katika juma la Kiswahili Jumatano ni ya tano kwa kuhesabu kutoka Jumamosi, na inayofuata, Alhamisi, ni ya tano tena, kwa Kiarabu, kwa kuhesabu kutoka Jumapili. Tano mbili zimekaa sako kwa bako, kila moja na asili yake, na hakuna mnunuzi sokoni anayeshtuka. Juma la Shire lina mshono wa namna hiyo. Waelfi, viumbe wa hadithi hiyo wasiokufa kwa uzee, walikuwa na juma la siku sita. Watu wa kisiwa cha Númenor walilipokea juma hilo wakataka liwe la siku saba, na kwa kuwa walikuwa mabaharia mashuhuri, siku waliyoiongeza waliiita Siku ya Bahari. Kisiwa hicho kikazama. Wakimbizi wake wakaipeleka siku yao bara, na karne nyingi baadaye ikawafikia Mahobiti, watu wanaoiogopa bahari na wasiopanda mashua ila kwa shida. Kwao siku hiyo ni Mersday, ya sita katika juma, na wengi wao hawajui kwamba kila wiki wanalitaja jina la maji yaliyokimeza kisiwa. Yeyote atokaye kisiwani atatambua kwamba hili si pambo la hadithi. Watu huzama na lugha zao huhama, na kinachobaki aghalabu ni neno moja katika kinywa cha asiyejua lilikotoka.

Kuhama kumo pia katika hesabu ya miaka. Shire haihesabu miaka yake tangu kuzaliwa kwa mtu wala kutawazwa kwa mfalme. Mwaka wa kwanza ni ule ambao ndugu wawili, Marcho na Blanco, walivuka mto mkubwa pamoja na wafuasi wao wakaingia nchi mpya, mwaka wa 1601 wa Zama za Tatu kwa hesabu ya wafalme. Kalenda ya Hijria nayo huanzia katika safari. Khalifa Umar na masahaba waliposhauriana, yapata mwaka wa 17 wa hesabu hiyo, walichagua kuanzia pale Mtume alipohama kutoka Makka kwenda Madina, mwaka 622. Hadhi ya matukio haya mawili haiwezi kulinganishwa, moja likiwa nguzo ya historia ya umma mzima na jingine kisa cha kubuni. Kinacholingana ni fikra: kwamba jamii huanza kuwa jamii pale watu wanapoacha mahali pamoja na kukubaliana kuishi pengine kwa pamoja.

Baki la siku moja, lile linalopatikana mwaka unapogawanywa kwa majuma, Mahobiti walilitatua kwa njia ya kishujaa. Majuma 52 ni siku 364. Siku iliyozidi hufanya kila tarehe isogee siku moja ya juma mwaka hadi mwaka. Katika zama za kiongozi wao Isengrim wa Pili waliamua kwamba siku ya katikati ya mwaka, pamoja na ile inayoongezwa kila mwaka wa nne, zisiwe na jina la juma. Si Jumamosi wala Jumapili; zipo tu. Tangu hapo mwaka ulianza daima siku ya kwanza ya juma na kuishia siku ya mwisho, na kila tarehe ilishika siku yake milele. Hapakuwa na mwezi ulioanza siku ya Ijumaa, na Mahobiti wakaifanya Ijumaa ya tarehe mosi kuwa mzaha wa kutajia siku isiyokuwapo, siku ya mambo yasiyoweza kutokea, mfano wa miti kutembea. Baadaye katika hadithi miti hutembea kweli.

Urahisi huo uliwahi kupendekezwa kwa ulimwengu halisi. Mwaka 1930 Elisabeth Achelis wa New York aliunda chama cha kutetea kalenda mpya ya dunia, ambayo siku moja kila mwisho wa mwaka ingekaa nje ya juma. Wafanyabiashara na watunza takwimu waliiona faida yake. Katika miaka ya 1950 shauri hilo lilifikishwa mbele ya Baraza la Uchumi na Jamii la Umoja wa Mataifa, na mwaka 1956 likawekwa kando. Pingamizi kubwa lilitoka kwa watu wa dini. Kwa anayeswali Ijumaa, kwa anayeshika Sabato, na kwa anayekwenda kanisani Jumapili, juma ni mnyororo usiokatwa. Ukiitoa siku moja nje ya mnyororo, Ijumaa ya kalenda itaachana na Ijumaa ya ibada, na mwaka ufuatao zitazidi kuachana. Mahobiti waliweza kulikata juma kwa sababu katika nchi yao hakuna ibada iliyofungwa katika siku. Hapa kalenda ya kubuni inafundisha kwa kutofaa kwake: hesabu isiyo na dosari huwafaa watu wasio na ahadi ya kutimiza.

Waelfi walilichukua baki kwa namna nyingine kabisa. Mwaka wao una majira sita, manne ya siku 54 na mawili ya siku 72, na siku tano zilizo nje ya majira. Siku yao, kama siku ya Hijria, huanzia magharibi jua linapotua. Robo za siku huziacha zikusanyike kwa miaka 12, kisha huzilipa kwa mara moja kwa kuziongeza siku tatu. Kipimo chao cha kawaida si mwaka bali yén, muda wa miaka 144, ambao ni siku 52,596. Kwa asiyekufa, deni la miaka 12 ni deni la juzi. Tena katika masimulizi ya kale zaidi ya Tolkien, yaliyochapishwa baada ya kufa kwake, kulikuwa na wakati kabla ya jua na mwezi, uliopimwa kwa nuru ya miti miwili iliyochanua na kufifia kwa zamu, na mwaka mmoja wa wakati huo ulikuwa sawa na miaka tisa na nusu na zaidi kidogo ya jua. Baadaye aliubadili uwiano huo ukawa mwaka mmoja kwa 144. Kitabu The Nature of Middle-earth, kilichotolewa mwaka 2021, kinaonyesha jinsi alivyozijaza kurasa kwa hesabu, akitafuta ni umri gani Mwelfi huoa na huzaa ikiwa wakati wake unakwenda polepole kiasi hicho. Hesabu hizo hazikukamilika.

Penye wakati wa aina mbili, mtu anayevuka mpaka atahesabu kwa wakati upi? Swali hilo lilimfika Tolkien katika nchi ya Lórien. Huko Galadriel, malkia wa Waelfi, anaizuia nchi yake isichakae kwa nguvu ya pete aliyoivaa. Wasafiri wanaingia wakiwa na msiba, wanapumzika, wanaondoka. Wakiwa mtoni baada ya kutoka, Sam, mtunza bustani, anautazama mwezi mchanga akashangaa. Anakumbuka siku chache tu za kukaa kwao, lakini mwezi ulio juu yake unasema vingine. Wenzake wanajadiliana. Legolas, ambaye ni Mwelfi, anasema wakati hausimami kamwe, ila mabadiliko hayawi na mwendo mmoja mahali pote. Aragorn, ambaye ni mwanadamu, anamaliza shauri: mwandamo mzima umepita nje walipokuwa ndani. Kiambatisho cha tarehe kinakubaliana naye. Waliingia katika mji wa Lórien tarehe 17 Januari, wakatoka tarehe 16 Februari.

Jibu hilo halikupatikana upesi. Juzuu la The Treason of Isengard, lililohaririwa na Christopher Tolkien na kutoka mwaka 1989, linaonyesha kwamba baba yake alipima mipango zaidi ya mmoja, ukiwemo ule ambao wakati wa nje ungesimama wasafiri wakiwa ndani ya Lórien. Mpango huo ulikuwa na mvuto. Hadithi za kale za mataifa mengi zina milima na visiwa ambamo mtu hulala usiku mmoja na miaka mia ikapita, au kinyume chake. Mwishowe aliuacha. Angeukubali, mwezi usingalingana tena, na wale waliobaki nje wakipigana na kufa wangekuwa wanaishi katika hesabu nyingine. Akaamua kwamba Lórien inaweza kuubadili moyo wa anayehesabu, isiweze kuibadili hesabu.

Uamuzi huo ni wa kifundi, lakini una uzito wa kimaadili. Siku hazigandi, wasema Waswahili, na Waelfi wa Lórien ni watu waliojaribu kuzigandisha. Katika barua zake Tolkien aliwahukumu kwa upole: walitaka kubaki katika nchi inayobadilika bila kuyaona mabadiliko yake. Kila kalenda nyingine katika kitabu chake hulilipa baki, kwa karamu, kwa siku isiyo na jina, kwa kungoja miaka 12. Lórien peke yake haikutaka kulilipa. Na anayeleta hati ya deni hakuwa adui mwenye jeshi, alikuwa mwezi mchanga juu ya mto, umeonwa na mtunza bustani mwenye mazoea ya kuutazama. Pete kuu ilipoangamizwa, pete ya Galadriel ilipoteza nguvu zake, na nchi yake ikaanza kufifia kama nchi nyingine. Wakati uliozuiliwa haukuwa umefutwa.

Ushindi nao ulidai kalenda. Adui mkuu alianguka tarehe 25 Machi, na ufalme wa Gondor ukaifanya siku hiyo kuwa mwanzo wa mwaka. Tolkien, aliyekuwa Mkatoliki, aliijua vyema tarehe hiyo: ni sikukuu ya Kikristo ya kupashwa habari Mariamu, na nchini Uingereza ilikuwa siku ya mwaka mpya kisheria hadi mwaka 1751. Jambo lililo la ajabu zaidi limo katika hesabu ya mwaka mrefu. Gondor ilikuwa na siku ya ziada ya kuweka mahali kila mwaka wa nne. Haikuiweka katika siku ya mfalme wala ya vita. Iliichukua siku ya kuzaliwa Frodo, yule Hobiti aliyeibeba pete hadi mwisho, ikaifanya sikukuu, na katika mwaka mrefu ikairudia mara mbili. Ile siku isiyotoshea popote ikapewa mtu ambaye, baada ya kuiokoa nchi yake, hakutoshea tena ndani yake.

Kwao Shire, tarehe 25 Machi na siku ya kuzaliwa Frodo hazikuadhimishwa. Hadithi yenyewe imekwisha kusema kwamba Sam alisikitika kuona jinsi bwana wake alivyopata heshima ndogo nyumbani. Kilichobaki huko ni desturi ya kijiji kimoja na jirani zake: kila tarehe 6 Aprili watu hukusanyika uwanjani wakacheza ngoma. Wengine walisema ni siku ya kuzaliwa mzee Sam, wengine kwamba ndiyo siku ulipochanua kwa mara ya kwanza mti wa dhahabu alioupanda, wengine kwamba ni mwaka mpya wa Waelfi. Hakuna aliyekuwa na yakini, na ngoma haikusimama kungoja yakini.

Hapo ndipo kalenda ya kubuni na ya kweli zinapokutana. Mashine za jahazi na taarifa za hali ya hewa zimepunguza haja ya kuhesabu miongo. Wanaoweza kuutaja mwongo wa leo bila kuuliza ni wachache kuliko zamani, na elimu ya Ibn Majid imehamia zaidi katika maktaba. Hata hivyo Makunduchi, kusini mwa Unguja, Mwaka Kogwa huadhimishwa kila mwaka, katika miaka ya karibuni ukiangukia mwezi wa Julai. Wanaume hupigana kwa migomba ili kinyongo cha mwaka kiishe, kibanda huchomwa moto, na watu huoga kuupokea mwaka, kama jina lenyewe linavyosema. Asili ya Kiajemi imo katika neno Nairuzi, lakini anayetoka majini hahitaji kulijua neno hilo ili mwaka wake uanze. Miongo 36, iliyokuwa mwili wa hesabu, imeanza kusahaulika. Siku iliyokaa pembeni, kwenye mshono wa mwaka na mwaka, ndiyo iliyoshikwa. Watu hulisahau lile lililogawanyika sawasawa. Lililobaki ndilo wanalolirithisha.